Ugomvi wa Wafu: Kumbukumbu ya Pamoja na Utambulisho katika Homa Bay na Migori baada ya Utawala wa Chama Kimoja

Tangu tawala za kikomunisti za Ulaya ya Mashariki zilipoanza kuanguka mwaka 1989, mengi yameandikwa kuhusu kumbukumbu ya pamoja: taifa lililotoka katika utawala wa chama kimoja likumbuke nini, lisahau nini, na lijitambulisheje baada ya historia rasmi kuondolewa pamoja na sanamu zake. Aghalabu swali hilo huchukuliwa kuwa la Ulaya. Kenya haikupata kutawaliwa na wakomunisti. Hata hivyo, ilipata kuwa na watu walioitwa wakomunisti na kusukumwa nje ya serikali kwa jina hilo. Na ilipata kuwa na chama kimoja, kwa hali halisi tangu 1969 na kwa sheria tangu 1982, hadi Bunge lilipokifuta kifungu cha 2A cha Katiba mnamo Desemba 1991. Makala haya yanakusudia kuchunguza swali moja tu la kimaadili lililozaliwa na historia hiyo, nalo ni hili: je, jamii inayo haki ya kusahau ugomvi wa wafu wake ili yenyewe ipate kuwa moja? Mfano unaochunguzwa ni wa iliyokuwa wilaya ya Nyanza Kusini, ambayo leo ni kaunti za Homa Bay na Migori.

Ugomvi wenyewe unajulikana, ingawa hautajwi sana. Jaramogi Oginga Odinga, Makamu wa Rais kuanzia 1964, na Tom Mboya, Katibu Mkuu wa KANU na baadaye Waziri wa Mipango ya Uchumi na Maendeleo, hawakuwa washirika. Mmoja aliwapeleka vijana kusoma Urusi, Uchina na Ujerumani ya Mashariki. Mwingine aliwapeleka Marekani kwa ndege zilizoanza safari mwaka 1959. Chuo cha Lumumba, kilichofunguliwa Desemba 1964 kuwafunza makada wa chama, kilifungwa mwaka uliofuata kwa shutuma kwamba ni tundu la ukomunisti. Katika mkutano wa Limuru wa Machi 1966, mkutano ambao Mboya alikuwa fundi wake mkuu, cheo cha makamu wa rais wa chama kiligawanywa vipande vinane ili Odinga asibakiwe na kitu. Odinga akajiuzulu, akaunda KPU. Tofauti zao hazikuwa za nafsi peke yake. Walitofautiana kuhusu ardhi na mali ya walowezi, na kuhusu ni nani anayestahili kula kwanza matunda ya Uhuru.

Tarehe 5 Julai 1969 Mboya alipigwa risasi mjini Nairobi, katika barabara ambayo leo inaitwa Moi Avenue. Siku tatu baadaye, katika misa ya wafu, umati uliokuwa nje ya kanisa uliurushia mawe msafara wa Rais Kenyatta huku ukipaaza sauti: “Dume! Dume!” Dume ndiye aliyekuwa nembo ya KPU. Hapana budi jambo hili litazamwe kwa makini, kwa kuwa ndipo mahali hasa kumbukumbu inayochunguzwa hapa ilipozaliwa. Katibu Mkuu wa KANU, aliyetumia miaka mitatu kuidhoofisha KPU, aliombolezwa kwa wito wa KPU. Miezi mitatu baadaye, tarehe 25 Oktoba, walinzi wa Rais waliufyatulia risasi umati wa Kisumu katika ufunguzi wa hospitali iliyojengwa kwa msaada wa Urusi. Idadi ya waliokufa inabishaniwa hadi leo. KPU ikapigwa marufuku, Odinga akatiwa kizuizini. Katika muda usiozidi miezi minne, watu wawili waliokuwa wakipingana walikuwa wamekuwa, katika akili za waombolezaji, jeraha moja.

Kwa miaka ishirini na miwili jeraha hilo halikuwa na jukwaa. Lilisimuliwa matangani na kuimbwa kwa nyatiti. Ulipofika mwaka 1991, na Odinga akawa mmoja wa waasisi wa FORD, jeraha likapata jukwaa, na kwa pamoja na jukwaa likapata sura yake ya kudumu: orodha ya mashahidi wa jamii, kila mmoja akiwa ndugu wa mwenzake. Mboya yumo, Odinga aliyefariki Januari 1994 yumo, Robert Ouko aliyeuawa Februari 1990 yumo. Ugomvi haumo.

Lugha ya Kiswahili inasaidia kulitenga tatizo. Maombolezo na kumbukumbu si kitu kimoja. Anayeomboleza hadaiwi usahihi. Akisema marehemu hakuwa na adui, hakuna jirani atakayesimama kumkosoa. Neno lenyewe marehemu asili yake ni rehema: aliyekwisha kufa hahojiwi, huombewa. Lakini magazeti na vitabu, vinapomtaja mtu wa kiwango cha Mboya, hupenda kutumia neno hayati, ambalo asili yake ni uhai. Yamkini tofauti hiyo ni ya adabu tu katika matumizi ya kila siku. Hata hivyo inaonyesha njia mbili za kumtendea mtu aliyekufa. Ya kwanza humpa huruma na kumnyamazisha. Ya pili humchukulia kuwa bado ana neno, na mwenye neno anaweza kupingwa. Dai la makala haya ni kwamba Nyanza Kusini, baada ya 1991, iliendelea kuomboleza pale ilipodhani kwamba inakumbuka.

Jambo hili si la Homa Bay peke yake. Tarehe 16 Juni 1989, mjini Budapest, maiti ya Imre Nagy ilizikwa upya kwa heshima mbele ya umati mkubwa sana, miaka thelathini na mmoja kamili baada ya kunyongwa. Nagy alikuwa mkomunisti. Aliuawa na wakomunisti wenzake, lakini hakuacha kuwa mmoja wao. Taifa lililomzika upya lilimhitaji awe Mhungari tu, na mazishi yakamfanya awe hivyo. Itikadi yake iliachwa kando ya jeneza kama koti la mgeni. Kwa Mboya mambo yamekwenda kwa upande wa pili: mtu aliyepigana na Kambi ya Mashariki amezikwa, katika kumbukumbu, ubavuni mwa mtu aliyeshutumiwa kuwa wakala wake. Mwelekeo ni tofauti lakini kitendo ni kilekile. Mtu aliyechagua amegeuzwa kuwa mtu aliyezaliwa tu.

Wapo watakaopinga, na upinzani wao una uzito. Ernest Renan, katika mhadhara wake wa 1882 huko Paris, alishikilia kwamba kusahau, na hata kukosea historia, ni sharti la kuwapo kwa taifa. Maurice Halbwachs naye alionyesha, tangu 1925, kwamba mtu hukumbuka ndani ya mipaka aliyowekewa na kundi lake. Kumbukumbu safi isiyo na kundi ni ndoto ya wanafalsafa. Kwa hiyo inaweza kuulizwa: ni nani huyo atakayewaambia wanyonge waliopigwa risasi mwaka 1969 kwamba wanaomboleza vibaya? Umoja wao ndio uliokuwa silaha yao pekee. Kuwakumbusha Limuru wakati huo kungekuwa ni kuwafanyia kazi maadui wao.

Jibu ni kwamba hoja hiyo inamtetea aliyekuwapo. Waliosimama nje ya kanisa walikuwa na haki ya kupiga kelele ya dume, kwa kuwa kelele ile ilikuwa kilio. Haki hiyo hairithiwi. Aliyezaliwa baada ya 1991, asiyepata kupigwa rungu kwa ajili ya kadi ya chama, anapouimba umoja uleule huku hajui kwamba chini yake kulikuwa na mabishano, huyo haombolezi, anarudia. Ukweli wa aliyeomboleza ulikuwa katika machozi yake. Anayerudia hana machozi hayo, na kwa hiyo usahihi ndio pekee awezao kuwapa wafu.

Umoja unaojengwa juu ya damu, zaidi ya hayo, una kasoro nyingine ambayo Homa Bay yenyewe inaifichua. Damu nzito kuliko maji, husemwa. Lakini damu ya nani? Mboya alizaliwa mwaka 1930 Kilimambogo, katika shamba la mkonge ambako baba yake alifanya kazi. Wazazi wake walitoka kisiwa cha Rusinga, naye amezikwa huko, katika kaburi la kumbukumbu lenye umbo la risasi. Watu wa Rusinga na Mfangano ni Abasuba, ambao masimulizi yao husema kwamba wahenga wao walivuka ziwa wakitokea upande wa Uganda, na ambao lugha yao imemezwa kwa sehemu kubwa na Kijaluo. Uwazi uleule wa kisiasa wa miaka ya 1990 uliowaruhusu Wajaluo kumlilia Mboya hadharani uliwapa Abasuba nafasi ya kudai wilaya na lugha, na kusema kwamba Mboya ni wao. Ikiwa kumbukumbu ni mali ya damu, dai hilo halina jibu. Kila kundi litamgawa marehemu hadi asibaki mtu. Mahakama za Kenya zenyewe ziliipa fikra hii nguvu mwaka 1987, zilipoamua kwamba maiti ya wakili S. M. Otieno ni ya ukoo wake na si ya mjane wake. Marehemu alikuwa ameishi maisha yake yote ya utu uzima kwa hiari aliyoichagua mwenyewe. Alizikwa kwa nasaba.

Na Mboya alipokuwa hai, ni nani waliomchagua? Si Rusinga. Kiti chake kilikuwa Nairobi, tangu 1957 alipoingia katika Baraza la Kutunga Sheria hadi alipokuwa Mbunge wa Kamukunji. Mwaka 1961, katika Nairobi ya Mashariki ambako wapiga kura wengi walikuwa Wakikuyu, alimshinda Munyua Waiyaki kwa kura nyingi mno. KPU nayo haikuwa ya kabila moja: naibu wa Odinga katika chama alikuwa Bildad Kaggia, Mkikuyu na mfungwa wa Kapenguria, na kijana aliyefungwa miaka mitatu kwa kuandika, mwaka 1968, kijitabu cha kuitetea kilichoitwa Kenya Twendapi? alikuwa Abdilatif Abdalla, Mswahili wa Mombasa. Diwani yake ya gerezani, Sauti ya Dhiki, iliyochapishwa 1973, husomwa katika idara za Kiswahili kama kilele cha ushairi wa upinzani. Ni mara chache inakumbukwa kwamba dhiki hiyo na ile ya Kisumu zilitoka katika chama kimoja. Kumbukumbu ya damu haina mahali pa kumweka Abdilatif, kwa hiyo imemwacha.

Migori inatoa ushahidi wa aina nyingine. Hapo mpaka wa Tanzania unapita katikati ya Wakuria: Abakira, Abanyabasi na Abairege wako pande zote mbili, wana lugha moja na mila moja. Lakini walioko Tarime waliishi katika nchi ya Azimio la Arusha, wakahamishiwa vijijini wakati wa operesheni ya miaka ya 1970, wakasimama katika foleni za sukari na sabuni, wakiwa mkoa mmoja na Butiama alikozaliwa Mwalimu Nyerere. Walioko Isebania na Kehancha waliishi katika nchi iliyolitumia neno ujamaa kwenye karatasi na kulikimbia sokoni. Tangu Februari 1977 hadi Novemba 1983 mpaka ulifungwa rasmi. Tanzania ilipoingia katika vyama vingi mwaka 1992, miezi michache tu baada ya Kenya, watu wa damu moja walitoka katika chama kimoja wakiwa na kumbukumbu mbili. Wajaluo wa Rorya na wa Nyatike wako katika hali hiyohiyo: dume na Kisumu si habari ya nyumbani kwa wa kwanza. Ni dhahiri, basi, kwamba kumbukumbu haitiririki katika mishipa. Hutengenezwa na dola, shule, redio, gereza na bei ya unga. Kinachotengenezwa kinaweza kuhojiwa jinsi kilivyotengenezwa.

Mabaki ya itikadi yako wazi, ila yamekuwa majina. Hospitali ya Kisumu ambako wagonjwa wa Homa Bay na Migori hupelekwa wakishindikana iliitwa na wananchi “Russia” kwa miongo mingi. Leo jina lake rasmi ni la Jaramogi. Raila Odinga, aliyesomea Ujerumani ya Mashariki na kufariki Oktoba 2025, alimpa mwanawe jina la Fidel Castro. Majina hayo yalipotolewa yalikuwa hoja. Sasa ni majina ya watu na ya majengo, yanayotamkwa bila kuulizwa maana, sawasawa na mitaa ya Ulaya ambayo haikupata kubadilishiwa vibao.

Haya yote yasingekuwa na madhara kama yangebaki katika nyimbo. Lakini yanalo tunda la kimaadili, nalo ni neno msaliti. Katika siasa za Nyanza tangu 1992, anayekwenda chama kingine haambiwi kwamba amekosea. Huambiwa kwamba amewauza wafu. Hukumu hiyo inawezekana tu ikiwa wafu walikuwa na kauli moja. Kwa kipimo hicho, msaliti wa kwanza na mkubwa kuliko wote ni Mboya mwenyewe, aliyebaki serikalini wakati Odinga alipotoka, na aliyetumia kipaji chake chote kuhakikisha kwamba aliyetoka hashindi. Jamii inayomlilia Mboya na kumlaani anayefanya leo kile alichokifanya Mboya imejiingiza katika mkanganyo ambao mbwembwe za mazishi haziwezi kuufunika. Kuna jambo zito zaidi. Mahali ambapo kutofautiana ni usaliti hapana maadili ya kisiasa, kwa sababu maadili huanza pale mtu anapoweza kuchagua vingine na bado akahesabiwa kuwa wa nyumbani.

Fasihi imelishughulikia suala hili kwa viwango tofauti. Tawasifu za wahusika wakuu, Freedom and After ya Mboya (1963) na Not Yet Uhuru ya Odinga (1967), zimeandikwa kwa sauti zinazopingana hata katika vichwa vyake: moja inauona Uhuru kuwa umefika na kuuliza kitakachofuata, ya pili inaukana kuwa haujafika. Zinastahili kusomwa pamoja, jambo ambalo kumbukumbu ya mashahidi halihitaji na haliombi. Wasifu alioutunga David Goldsworthy mwaka 1982 ulimwita Mboya mtu ambaye Kenya ilitaka kumsahau. Kwa upande wa Nyanza ingekuwa sahihi zaidi kusema kwamba alikumbukwa hadi akasahaulika. Riwaya ya Yvonne Adhiambo Owuor, Dust, inaanzia katika kifo cha kijana jijini Nairobi wakati wa machafuko yaliyofuata uchaguzi wa 2007 na kurudi nyuma hadi 1969. Ubora wake katika mjadala huu ni kwamba haimpi msomaji faraja ya orodha. Wafu wake wana siri, wengine wana hatia, na walio hai wanalazimika kuchimba.

Serikali nayo haikusaidia. Aliyehukumiwa kwa kumuua Mboya alinyongwa mwaka uleule wa 1969, na swali la nani alimtuma likazikwa naye. Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano, iliyoundwa kwa sheria ya 2008, ilikabidhi ripoti yake Mei 2013, ikiwa imeyagusa mauaji hayo ya kisiasa na risasi za Kisumu. Ripoti hiyo haijatekelezwa kikamilifu hadi leo. Mahali ambapo mahakama haisemi, ukoo husema. Kwa hiyo lawama haiwezi kuwekwa juu ya waombolezaji peke yao.

Mahali panapoonyesha vizuri kuliko pote gharama ya kusahau ugomvi ni Waraka wa Bunge Nambari 10 wa 1965, uliobeba jina la ujamaa wa Kiafrika na kutoka katika wizara ya Mboya. Waraka huo ulishikilia kwamba fedha za maendeleo zipelekwe kwanza mahali zitakapozaa haraka: penye ardhi nzuri, mvua, barabara, umeme, na watu walio tayari kupokea maendeleo. Faida itakayopatikana huko ingesambazwa baadaye. Odinga na wenzake walisema, kwa ufupi, kwamba hiyo baadaye haitafika. Kwa miongo kadhaa malalamiko makuu ya watu wa Nyanza Kusini yamekuwa kwamba walitelekezwa, nao huyaweka malalamiko hayo katika maneno yaleyale yanayomtaja Mboya kuwa shahidi wao. Haisemwi kwamba hoja iliyotumika kuhalalisha mgao huo ilipitia mezani kwake. Wala haiulizwi kama alikuwa sahihi, kwa kuwa inawezekana alikuwa na sababu nzuri: nchi maskini haiwezi kugawa ambacho haijazalisha, na Kiwanda cha Sukari cha Awendo, kilichoanzishwa katika miaka ya 1970, kilijengwa huko kwa sababu miwa inakubali huko.

Tangu serikali za kaunti zianze kazi mwaka 2013, swali la Waraka huo limerudi kwa mlango wa nyuma. Bunge la Homa Bay hubishana iwapo fedha ziende kwenye miji inayokua au kwenye visiwa kama Mfangano, ambako lami imechelewa na mgonjwa huvushwa kwa mashua. Bunge la Migori hubishana kati ya Awendo yenye miwa, Nyatike yenye ukame na machimbo ya dhahabu ya Macalder, na Kuria inayodai kwamba imesahauliwa na Wajaluo kama vile Wajaluo walivyosahauliwa na Nairobi. Pande zote mbili za mabishano ya 1965 ziko katika vikao hivyo, kila upande na wasemaji wake, na kila msemaji akianza hotuba yake kwa kuwataja Jaramogi na Mboya kwa pumzi moja.